Kuwatembeza Watoto Mapinduzi ya Wasso kwa Miguu: Mwongozo kwa Asiyejua Anachojitakia

Umeshaamua. Umewaona wenzako wa mijini wanavyowashika watoto mkono Jumamosi asubuhi, wakawazungusha kwenye minara na makumbusho, na jioni watoto wakarudi wakijua nani alimpindua nani. Ukasema moyoni: hata Wasso ya Loliondo inawezekana. Hongera. Soma kwanza mwongozo huu kabla hujaondoka na watoto wa watu.

Jambo la kwanza: Wasso hakuna mnara. Mtu wa Unguja ana raha zake. Anaanzia Michenzani kwenye mnara wa kumbukumbu ya Mapinduzi ya 1964, anashuka Kisiwandui alipouawa Mzee Karume tarehe 7 Aprili 1972, na yale maghorofa marefu yaliyojengwa kwa msaada wa Wajerumani wa Mashariki yanampa kivuli. Mtu wa Arusha ana Makumbusho ya Azimio la Arusha na Mnara wa Mwenge, mtoto hana hata muda wa kuchoka kati ya kimoja na kingine. Dar es Salaam kuna sanamu ya Askari, na kuna mitaa ambayo wapigania uhuru wa nusu ya bara hili walipanga vyumba na kupanga vita. Wasso tuna hospitali, kanisa, shule, maduka, mabasi ya Arusha, kiwanja cha ndege na lami ya juzi juzi. Mji utaumaliza kabla chai haijapoa. Historia ipo, na ni nyingi kuliko utakavyoweza kubeba, ila hakuna aliyeiwekea kibao.

Chagua watoto wa miaka mitano hadi minane. Wa chini ya hapo utawabeba mgongoni, na wa juu ya hapo watakuuliza maswali ya kisheria. Usiwaonee huruma ya miguu. Mtoto wa huku ameanza kutembea nyuma ya ndama tangu hajajua kuhesabu hadi kumi, na katambuga zake za tairi zitakuwa hai siku raba zako zitakapoachia soli. Atakayeomba kupumzika chini ya mgunga ni wewe, na watoto watakusubiri kwa adabu, wakijua kabisa kwamba mtu mzima hapendi kuonekana amechoka. Vaa sweta. Wasso iko juu, na baridi ya asubuhi ya Juni haina utani na mtu aliyekuja na fulana ya semina.

Tenga muda wa salamu. Mgeni asiyejua hunyoosha mkono kwa kila mtoto kama mgombea udiwani. Mtoto wa Kimaasai mbele ya mtu mzima huinamisha kichwa, nawe unamgusa utosini kwa kiganja. Wote wataleta vichwa, mmoja baada ya mwingine, na ukimruka mmoja atasimama palepale ameinama mpaka ukumbuke. Halafu watapita akina yeyo, yaani akina mama, wanaokwenda sokoni, na hao nao watasalimiwa na kundi zima. Usihesabu muda huu kuwa umepotea. Ni sehemu pekee ya ziara ambayo kila mtu anajua anachofanya.

Anzia kwenye lango la hospitali. Ni mahali ambapo kila mtoto anapajua: ama alizaliwa hapo, ama alichomwa sindano hapo, na kwa wengi vyote viwili. Waambie kwamba hospitali hii ilianzishwa miaka ya 1960 na Herbert Watschinger, padri wa Kikatoliki kutoka Austria ambaye pia alikuwa daktari. Watakuuliza padri anawezaje kuwa daktari, na kama alikuwa anachoma sindano huku amevaa kanzu. Hapo ndipo ziara yako itakapoanza kupinda. Ulikuja na mapinduzi, wenzako wanataka habari za sindano. Jibu kwa kifupi, usonge mbele, kwa sababu kuna jambo jingine la kusema kuhusu lango hili, na hilo utalisema njiani wakati wa kurudi, kama utapata ujasiri.

Sasa mtego mkubwa: mwaka 1959. Kila mwongozaji anayejiheshimu huanzia hapo, na kila mmoja hupoteza watoto hapo hapo. Utawaambia kwamba Serengeti ilitangazwa hifadhi ya taifa mwaka 1951, kwamba Aprili 1958 wazee 12 wa Kimaasai walitia saini mkataba wa kuondoka, kwamba mwaka uliofuata watu wakahama Moru na kwingineko, wengine wakaingia Ngorongoro, wengine Loliondo, na kwamba Ngorongoro ikafanywa eneo la hifadhi ambamo watu na wanyama wangeishi pamoja. Kufikia neno "mkataba" mtoto mmoja ameshapata konokono. Kufikia "1959" konokono ana jina.

Anza upya kwa namna nyingine. Waambie kwamba huko Moru, ndani ya Serengeti, kuna miamba mikubwa, na chini ya mwamba mmoja morani wa zamani walichora ngao kwa rangi nyekundu, nyeusi na nyeupe. Ngao zipo hadi leo, watalii wanalipa kwenda kuziona. Konokono ataachwa. Watataka kujua morani walikuwa wanakula nini wakati wanachora, walichora kwa kidole au kwa kijiti, na ngao ya ukoo wa nani ilikuwa kubwa. Halafu atatokea mmoja, kwa kawaida yule ambaye hajasema neno tangu asubuhi, atauliza: waliozichora wako wapi? Hilo ndilo somo la 1959, na limefika bila mkataba. Jibu lake mara nyingi limekaa kwenye kigoda nyumbani kwa mtoto huyo huyo.

Kama una muda, waambie pia habari za Wajerumani wawili, Bernhard Grzimek na mwanawe Michael, waliorukaruka angani kwa ndege iliyopakwa milia ya punda milia wakihesabu wanyama wa Serengeti. Michael alikufa Januari 1959 ndege ilipogongana na tai, na filamu yao kuhusu Serengeti ikapata tuzo ya Oscar. Watoto wataipenda ndege yenye milia kuliko kitu chochote ulichosema. Michael alizikwa juu kwenye ukingo wa kreta ya Ngorongoro, na hapo pana mnara wa mawe. Ukisema hivyo, jiandae. Watakuuliza mnara wa wale waliohama Moru uko wapi, na wewe ulishawaambia mwanzoni kwamba hakuna.

Operesheni za serikali nazo zina mvuto wake, ila zipitie haraka. Mwishoni mwa miaka ya 1960 serikali iliamua kwamba Mmaasai avae suruali, na mtu wa lubega akawa mtu wa kufukuzwa kwenye basi na ofisini. Watoto wataanguka kwa kicheko. Katikati ya miaka ya 1970 ikaja Operesheni Imparnati, ya kuwaweka wafugaji kwenye vijiji vya kudumu, enzi zile za ujamaa vijijini. Hapa hawatacheka sana, maana vijiji hivyo ndivyo wanavyotoka, na mtoto haoni kwa nini kijiji kiwe na tarehe ya kuzaliwa. Mweleze tu kwamba serikali ndiyo iliyosema wakati ule, kaeni hapa, hapa ni kijiji chenu. Kumbuka vizuri kwamba umesema hivyo. Utalihitaji neno hilo baadaye.

Unapokaribia kiwanja cha ndege, punguza sauti na upunguze tarehe. Mwaka 1992 serikali iliitoa haki ya kuwinda Loliondo kwa ofisa wa jeshi kutoka Falme za Kiarabu, na kampuni yake ikawa jirani yetu kwa miongo. Mwandishi Stan Katabalo wa gazeti la Mfanyakazi ndiye aliyelifukua jambo hilo likawa sakata la nchi nzima, akafariki mwaka 1993. Mimi namweka Katabalo katika kila ziara, hata kama watoto hawajui gazeti ni nini, kwa sababu ni vizuri wajue kwamba kuna mtu aliwahi kupata tabu ya kuandika habari zao kabla wazazi wao hawajaoana. Ila tahadhari: mtoto wa Wasso ana maoni yake kuhusu ndege. Ameziona zikishuka na kupaa tangu akiwa mgongoni. Atakutajia zipi kubwa, zipi ndogo, ipi ilitimua vumbi likaingia kwenye maziwa ya nani. Yote atakayosema hayako kwenye maandishi yako, na wewe huna la kumsahihisha.

Hapa pana majaribu ya kumfanya mtu mmoja awe jini wa hadithi. Jizuie. Watoto hupenda jini, na ukiwapa Mwarabu mwenye bunduki watamchukua wote mzima mzima, ilhali saini zilikuwa za kwetu. Pia katika kundi lako huenda yupo mtoto ambaye baba yake aliwahi kulipwa mshahara na kampuni hiyo, akanunua mabati. Mabati hayo yanaonekana kutoka barabarani. Mtoto wa aina hiyo ataangalia chini, nawe utajua.

Kisha mtafika kwenye lami, na ziara itachukuliwa mikononi mwako. Lami ya kutoka Wasso kwenda Sale ni kilomita 49, na mtoto yeyote wa hapa atakuambia kwamba huo ndio mlango wa dunia. Watakaotaja kijiji cha Samunge ni wao. Mwaka 2011 mchungaji mstaafu wa Kilutheri, Ambilikile Mwasapila, aliyejulikana kama Babu, alikuwa akitoa kikombe cha dawa ya mizizi ya mugariga kwa shilingi 500, na Tanzania nzima, na Kenya, na kwingineko, wakaja: wagonjwa, mawaziri, helikopta, foleni ya magari ya kilomita nyingi porini. Wakati huo hapakuwa na lami hata ya kuotea ndoto. Babu alifariki Julai 2021. Watoto hawa hawakuwapo, lakini wamehadithiwa kila usiku, na kwao hayo ndiyo mapinduzi yenyewe: siku ambayo watu wakubwa wa nchi walilala kwenye magari yao wakisubiri kunywa kwenye kikombe cha plastiki karibu na kwetu. Usibishane nao. Kwa idadi ya watu waliohama makwao kwa hiari yao kuja wilaya hii, hakuna tukio lolote katika orodha yako linaloifikia.

Ukiwa na mtoto wa Kibatemi kwenye kundi, mpe nafasi ya kueleza. Samunge ni kwao. Wabatemi, ambao wengine tunawaita Wasonjo, wamelima mashamba ya mifereji kule chini tangu enzi na enzi, na kati yao na Wamaasai kuna habari ndefu za mishale, ng'ombe na mipaka. Mwongozaji mgeni husahau jambo hili, akazungumza kana kwamba nchi hii ilikuwa na watu wa aina moja, mtoto mmoja akabaki anahesabu vidole. Wala usiingie kwa undani. Watoto wenyewe wameshayamaliza kwa kubadilishana mahindi ya kuchoma.

Sasa nakuambia lililo la maana kuliko yote: mchukue bibi. Koko mmoja tu anatosha, mwenye miguu mizuri na asiyeogopa kukukatiza. Utamkuta sokoni, na atakubali kwa masharti ya chai, chapati na kutoulizwa umri. Tangu atakapoingia kwenye kundi, wewe si mwongozaji tena, ni mbeba maji. Ulitaka kusema kwamba mwaka 2009 maboma yalichomwa moto katika operesheni ya kuondoa watu na mifugo karibu na mpaka wa Serengeti. Yeye atawaambia watoto kwamba sufuria ya shaba haiungui, ila mpini wake unayeyuka, na kwamba harufu ya ngozi ya kulalia ikiungua haitoki kwenye nywele upesi. Watoto watamshika nguo. Ulitaka kusema kwamba mwaka 2010 wanawake wa Loliondo walikusanyana wakarudisha kadi za Chama Cha Mapinduzi. Yeye atauliza kundi: mnajua kadi ni nini? Atatoa kwenye kitambaa alichofunga shingoni kadi ya bima, kadi ya simu, kitambulisho cha taifa, azipange kwenye nyasi. Kisha ataeleza kwamba mwanamke ambaye hana jina kwenye hati ya ardhi wala kwenye ng'ombe, alikuwa na kitu kimoja tu chenye jina lake ambacho mkubwa alikitaka. Kwa hiyo akakirudisha.

Mapinduzi yetu kwa sehemu kubwa yamefanywa na watu wa aina yake, wamekaa chini, wametandika shuka, wamegoma kuinuka mpaka mtu aje awasikilize. Mwaka 2013 Waziri wa Maliasili, Khamis Kagasheki, alipotangaza kwamba kilomita za mraba 1,500 zitatengwa kwa ajili ya wanyamapori, wanawake walikusanyika tena, na Septemba mwaka huo Waziri Mkuu Mizengo Pinda akaja huku akasema mpango umefutwa. Watu walifurahi. Ukimfikisha koko hapa, mwache amalize kwa furaha hiyo kabla hujamkumbusha kwamba mwaka 2017 maboma yaliwaka tena. Hata yeye huwa hafiki huko bila kuombwa. Kama kundi lina wasichana, waombe akina mama wengine wa hapa pia, kwa mfano wale wanaoshughulika na Baraza la Wanawake Wafugaji, lililoanzishwa mwaka 1997 na Maanda Ngoitiko na wenzake, wakawasomesha wasichana ambao walikuwa waolewe.

Kuhusu Juni 2022, vigingi vya mpaka wa pori vilipowekwa, sina mbinu. Nina onyo tu. Usifikiri unawaletea habari mpya. Mtoto wa miaka minane leo alikuwepo, na mwenye sita alikuwepo mgongoni. Anajua kwamba siku zile za vigingi mama alimbeba usiku. Anajua shangazi gani alivuka Kenya kutibiwa. Waliojeruhiwa wengi walivuka mpaka kwa sababu waliogopa kwamba wakienda hospitali huku watakamatwa, na hilo ndilo nililokuambia mwanzoni utalisema ukipita tena kwenye lango: hospitali hii ina nafasi yake katika historia ya mwaka ule kwa ajili ya watu ambao hawakuifikia. Sema pia kwamba askari polisi mmoja aliuawa kwa mshale. Usimfiche. Naye alikuwa na watoto. Watu zaidi ya ishirini, wakiwemo madiwani, walikaa mahabusu miezi kwa shtaka la mauaji, wakaachiwa Novemba mwaka huo bila kesi kusikilizwa.

Niliwahi kuwakuta watoto wa jirani chini ya mti nyuma ya nyumba, wanacheza mchezo ambao kila mtoto wa mfugaji ameucheza. Vijiwe vyeupe ni ng'ombe, vidogo ni ndama, miiba ya mgunga imepangwa duara kuwa boma. Mmoja akaja na kopo la rangi lililopondeka, analisukuma na kunguruma kwa koo. Hakusema ni gari la nani. Wenzake hawakuuliza. Walivikusanya vijiwe kwenye pindo za shuka, wakavihamishia ng'ambo ya mzizi, wakaanza kupanga miiba upya. Yule wa kopo akazima injini, akaja kuwasaidia, maana kupanga boma ni kutamu kuliko kuendesha. Ukikuta mchezo huu katika ziara yako, funga daftari. Usiwaulize unahisi nini mwanangu, kama walivyokufundisha kwenye warsha. Uliza ndama wa nani huyu. Watakujibu kwa majina.

Sehemu ya mahakama iache mwisho, kwa sababu ndiyo itakayokutoa jasho. Mtoto atauliza: sasa nani alishinda? Ni swali halali. Nawe utaeleza kwamba vijiji vinne, Ololosokwan, Oloirien, Kirtalo na Arash, vilikwenda Mahakama ya Afrika Mashariki mwaka 2017. Mahakama ikaamuru mwaka 2018 watu wasiondolewe wakati kesi inaendelea. Juni 2022 vigingi vikawekwa kesi ikiwa bado ipo. Septemba 2022 mahakama ikatupa madai ya vijiji. Oktoba 2022 eneo likatangazwa Pori la Akiba Pololeti. Septemba 2023 Mahakama Kuu Arusha ikasema kwamba tangazo la kwanza, lile la Pori Tengefu la Juni 2022, halikuwa halali kwa sababu watu hawakushirikishwa. Ila wakati huo pori tengefu lilikuwa limeshavuliwa jina na kuvishwa la pori la akiba. Novemba 2023 rufaa Afrika Mashariki ikasema kesi ya vijiji isikilizwe upya. Mtoto atakusikiliza mpaka mwisho, macho yamemtoka, kisha atauliza tena: sasa nani alishinda?

Mwambie mchezo haujaisha. Ni kweli, na mtoto anaelewa dakika za nyongeza.

Kuna swali jingine watakuuliza, na wanaojiita wapenda haki huliruka. Kwa nini serikali inalitaka pori? Mjibu kwa heshima. Serikali inasema vyanzo vya maji vinakauka, mifugo na watu wameongezeka, na nyumbu zaidi ya milioni moja wa Serengeti wanapita huku kila mwaka. Bila nyumbu hakuna Serengeti na bila Serengeti hakuna fedha za kigeni. Watu wa vijiji wanasema nyumbu wamekuwepo na sisi tumekuwepo, ardhi ni ya vijiji kwa sheria, na aliyekuja kuwaua wanyama kwa bunduki ndiye aliyepewa nafasi. Weka yote mawili mezani, kisha kaa kimya, uone. Watoto wengi watasema nyumbu apite. Hakuna mtoto wa Kimaasai niliyemsikia anamchukia nyumbu, isipokuwa nyumbu akizaa karibu na ng'ombe, kwa sababu ya ugonjwa ule ambao ndama wake huuacha kwenye majani, na hapo pia wanachosema ni kwamba ng'ombe asogezwe pembeni mpaka msimu upite. Wamefundishwa na nani? Si na wewe.

Kama umekuja kutoka upande wa kreta, yaani Ngorongoro yenyewe, watoto wako watakuwa na lao la kusema: Agosti 2024 watu walijaa barabarani siku kadhaa, magari ya watalii yakakwama, kwa sababu tangazo la serikali lilikuwa limefuta kata na vijiji vyao kwenye orodha. Mahakama Kuu ililisimamisha tangazo hilo wiki ile ile. Watakuambia pia nani amehamia Msomera, Handeni, ana nyumba ya bati na ekari zake, na nani alirudi. Usiwahukumu waliohama mbele ya watoto. Mtoto anawapenda binamu zake walioko Msomera, na anajua kuwa kule kuna joto.

Mambo madogo ya mwisho. Usipige picha za watoto hawa ukazitupa mtandaoni na maneno ya kuliza. Eneo hili limepigwa picha za kutosha, na wazazi wamechoka kuona nyuso za wanao kwenye kalenda za watu wasiowajua. Ukiulizwa na mtu wa ofisi unawatembeza watoto kwa sababu gani, sema historia, utakuwa umesema kweli, na mwenyekiti wa kitongoji awe na taarifa tangu jana yake. Warudishe kabla ndama hawajarudi, kwa sababu ndama wana watu wao na watu wao ndio hao ulionao. Mlipe koko chai yake na nauli, hata akikataa mara ya kwanza. Mara ya pili hakatai.

Na usisubiri likizo ndefu wala kibali cha mradi. Mtoto aliyekuwa na miaka kumi siku watu wanatoka Moru, mwaka 1959, leo anakaribia miaka themanini. Wapo kwenye maboma yetu wanaoota jua asubuhi hii, na wanaikumbuka njia waliyopita, maji waliyokunywa, na ng'ombe gani alikataa kuvuka. Kama una mzee wa namna hiyo nyumbani au kwa jirani, mpelekee watoto wiki hii.